Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir: Mtu Aliyeufunulia Moyo Wake Siri

Bismillahir Rahmanir Rahim. Sifa zote njema anastahiki Allah, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), jamaa zake na masahaba zake wote.



Mitihani ikikaribia, hukosi kusikia mazungumzo ya vitabu vya siri. Mwenzetu mmoja aliwahi kunifuata baada ya sala ya Isha, akaniuliza kwa sauti ya chini kama sisi tunaosoma masomo ya Kiislamu tunafundishwa kukifungua kile kitabu cha Shamsul Maarif, kinachonasibishwa na Ahmad al-Buni aliyefariki mwaka 622 H (1225). Alikuwa amesikia kwamba ndani yake mna herufi na miraba ya namba ambayo mwenye kuijua hufaulu, hupata kazi na hupendwa na watu. Nilimwambia kwamba hatufundishwi hayo. Lakini swali lake lilinikaa. Kwa nini kijana Mwislamu akisikia habari ya kitabu chenye maana zilizofichwa, jambo la kwanza analofikiria ni kupata mali?

Ndipo nikamkumbuka mtu mwingine wa vitabu, aliyeishi katika pwani yetu ya Afrika Mashariki, akaandika kwa Kiswahili utungo ambao jina lake lenyewe maana yake ni kufunuliwa kwa kilichofichika. Mtu huyo ni Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir wa Pate, na utungo wake ni Al-Inkishafi. Katika makala hii tutamtazama yeye, mji wake, na siri aliyoifunua.

NASABA YAKE

Sayyid Abdallah alikuwa sharifu, wa kizazi cha Sheikh Abu Bakr bin Salim wa Inat, katika Hadhramaut. Sheikh Abu Bakr alikuwa mmoja wa mawalii wakubwa wa masharifu wa Ba Alawi, na alifariki mwaka 992 H (1584). Kizazi chake kilitawanyika pwani yote. Mpaka leo wamo Lamu, Unguja na visiwa vya Komoro. Simulizi za Pate husema kwamba watu wa mji walimwomba dua Sheikh huyo walipokuwa wakiteswa na Wareno, na ndipo watu wa nyumba yake wakaja kukaa Pate.

Njia ya Ba Alawi ina sifa zake. Ni njia ya elimu na adabu. Masharifu hao walikipenda sana kitabu cha Ihya cha Imam Ghazali (aliyefariki 505 H/1111), wakakisoma na kukisomesha kizazi baada ya kizazi. Na katika Ihya kuna fundisho ambalo msomaji wa Al-Inkishafi atalitambua mara moja, nalo ni kwamba moyo wa mwanadamu ni kama kioo. Dhambi na kupenda dunia huufunika kwa kutu, na kumkumbuka Mwenyezi Mungu huusugua ukang'aa. Kwa hiyo watu wa njia hii wanapozungumza juu ya kashfu, yaani kufunuliwa pazia, pazia wanalolikusudia kwanza ni lile lililo juu ya moyo.

MJI ALIOZALIWA

Pate ni mji ulio katika kisiwa cha Pate, kaskazini ya Lamu, katika nchi ambayo leo ni Kenya. Ukienda leo utakuta kijiji kidogo, mashamba ya tumbaku, na magofu ya mawe katikati ya mashamba hayo. Lakini katika karne ya 17 na ya 18, Pate ulikuwa miongoni mwa miji mitukufu ya pwani. Wafalme wake walikuwa wa ukoo wa Nabahani. Vyombo vyake vilikwenda Uarabuni na Bara Hindi. Watu wake walifuma hariri, walichonga milango na kufua fedha na dhahabu. Katika nyumba za matajiri, kuta zilichongwa safu za madaka, yaani vishubaka vya chokaa, na ndani yake zikapangwa sahani za kauri kutoka China.

Mji huo ulikuwa pia mji wa kalamu. Hapo ndipo Bwana Mwengo alipotunga Chuo cha Herekali, kinachojulikana pia kama Utenzi wa Tambuka, ambacho mswada wake una tarehe inayolingana na mwaka 1728. Hapo pia ndipo Sayyid Aidarus alipoitia katika Kiswahili Hamziya ya al-Busiri, ile kasida ya kumsifu Mtume (s.a.w.). Kwa watu wa Pate, Kiswahili kilifaa kwa biashara na kilifaa kwa ibada, na mtoto wa sharifu hakuona aibu kuitumia lugha ya mama yake kumsifia Mola wake.

Katika mji huo alizaliwa Sayyid Abdallah, katika karne ya 18, na umri wake ukafika mwanzo wa karne ya 19. Alikuwa mwanachuoni aliyekijua vyema Kiarabu, na ushahidi umo katika utungo wake, ambamo istilahi za dini zimekaa pamoja na Kiswahili kizito cha kaskazini bila ya kugombana. Anatajwa pia kuwa ndiye aliyeitia takhmisi tungo ya Fumo Liyongo, shujaa na mshairi wa kale wa pwani. Kutia takhmisi ni kuchukua beti za mshairi aliyetangulia na kuziongezea mishororo mpaka kila ubeti ufike mitano. Ni kazi ya mtu mwenye adabu mbele ya waliomtangulia, kwa sababu maneno ya yule wa kwanza hayaguswi. Wewe unaongeza yako, na yake yanabaki mahali pake.

MJI ULIPOANGUKA

Pate haukuangushwa na adui mmoja kwa siku moja. Uliliwa na fitina za ndani. Nyumba ya kifalme iligombana yenyewe kwa yenyewe, biashara ikahamia bandari nyingine, na vita na majirani vikawachosha watu. Mnamo mwaka 1812 hivi, jeshi la Pate pamoja na Wamazrui wa Mombasa lilishuka Shela, karibu na Lamu, likashindwa vibaya, na wengi wakauawa ufukweni. Watu wa Lamu wakamwendea Sayyid Said wa Omani kutaka himaya yake. Tangu hapo Pate haukuinuka tena.

Mhariri wa Kiingereza William Hichens, aliyeuchapisha utungo huu, aliuweka kati ya miaka 1810 na 1820, yaani katika miaka hiyohiyo ya msiba. Tumfikirie basi mwanachuoni huyu akipita katika mitaa ya mji wake. Nyumba alizoingia utotoni akihudhuria maulidi na harusi sasa hazina watu. Waliokuwa wakikaa humo ni jamaa zake. Mtu mwingine angetunga shairi la kuwalaani maadui. Mwingine angehama akaenda kutafuta mfalme mpya wa kumsifu. Sayyid Abdallah alichukua kalamu akauandikia moyo wake mwenyewe.

ALIVYOSEMA NA MOYO WAKE

Al-Inkishafi una beti zisizofika 80. Kila ubeti una mishororo minne ya mizani 10. Mishororo mitatu ya mwanzo ina kina kimoja, na wa nne hurudi kwenye kina kilekile kinachounganisha utungo wote. Anaanza kwa jina la Mwenyezi Mungu, kisha sifa, kisha kumsalia Mtume na jamaa zake na masahaba. Anaueleza utungo wake kuwa ni kama mkufu wa lulu anaoutunga, kisha anaupa jina la Inkishafi, akitarajia kwamba kwa huo giza la dhambi zake litaondoka. Tuzingatie jambo hilo. Anayetarajia kufunuliwa ni mwandishi mwenyewe, kabla ya msomaji yeyote.

Kisha anaugeukia moyo wake, na tangu hapo karibu maneno yote anaambiwa moyo. Anauuliza kwa nini hauzingatii, nao una akili. Anauonyesha dunia kwa mifano ambayo mtu wa pwani anaijua kwa macho yake. Dunia ni bahari chafu yenye miamba, na anayeipanda hupata hasara. Ni kisima ambacho ng'ombe mkali anakilinda kwa pembe zake, na mwenye kiu hafiki kuyanywa maji yake. Ni vumbi linaloonekana likielea katika mwale wa jua uliopenya ndani ya nyumba, nawe ukilifumbata mkono, ukifungua huoni kitu. Ni mangati, yale maji ya uongo yanayoonekana mbali wakati wa jua kali. Mwenye kiu huyakimbilia, akifika akakuta joto tu.

Baada ya mifano anauchukua moyo wake kwa mkono na kuupitisha katika mji. Anaukumbusha matajiri wa Pate walivyokuwa wakitembea na shingo zao zimepinda kwa kujiona, watumwa mbele na nyuma. Nyumba zao ziliwashwa taa za bilauri na shaba, usiku ukawa kama mchana. Walilala juu ya vitanda vya miti ya thamani huku wakipepewa. Halafu mauti yakaja. Wakatolewa katika kumbi pana wakatiwa katika mwanandani, na miili iliyokuwa ikipakwa manukato ikawa chakula cha wadudu.

Kisha anaingia katika nyumba zao. Kumbini wanalia popo. Buibui wametanda juu ya vitanda. Yale madaka yaliyopangwa sahani za China sasa ni viota vya ndege. Bundi wanalia ndani, majani yameota uani, na mlangoni mpitaji anaogopa kuingia kwa giza. Ukiita, sauti yako mwenyewe ndiyo inayokurudia. Na hapo anaanza kuuliza kwa majina: yuko wapi Ali bin Nasir, na yuko wapi shemeji yake Abubakar? Wako wapi mabwana wa Pate, makadhi wake na wanawake wake waliositirika?

Ali bin Nasir ni jina la baba wa mshairi. Ndugu zangu, hapa ndipo mimi hunyamaza kila ninapousoma utungo huu. Mtu huyu hakusimama pembeni akawanyoshea kidole matajiri wa watu. Gofu analoliingia ni gofu la nyumba yake, na anayemtafuta ndani ni wa damu yake.

Mwisho anaupeleka moyo kwenye Siku ya Hukumu, ambapo aliyedhulumiwa atamshika aliyemdhulumu na kudai haki yake, wala hapana dirhamu itakayolipa. Anayataja majina ya moto yaliyotajwa katika Qur'ani, Jahannamu, Hawiya, Ladha na Hutama, mpaka moyo uliokuwa mgumu ulainike.

SIRI ILIYOMO KATIKA MSWADA

Sayyid Abdallah aliandika kwa herufi za Kiarabu, kama walivyoandika wazee wetu wote wa pwani. Maandishi hayo yana ugumu wake. Kwa desturi ya zamani, herufi ya ba ilisomwa b au p, hata jina la Pate likaandikwa kwa ba. Dhuma moja ilisimama mahali pa u na pa o, na kasra mahali pa i na pa e. Neno moyo, ambalo ndilo nguzo ya utungo wote, kwa irabu hizo halina tofauti na muyu. Kwa hiyo asiyeijua lugha hawezi kuusoma mswada hata kama anazijua herufi zote. Anahitaji mwalimu aliyeusikia kwa mwalimu wake.

Hii ni siri ya kweli ya miswada ya Kiswahili, na ina mafunzo kwetu. Maana haikufichwa ili apewe mwenye pesa. Ilikabidhiwa mtu kwa mtu, kwa kukaa, kusikiliza na kurudia. Anayetafuta siri kwa kununua kitabu mtaani na kujifungia chumbani peke yake ameikosa njia tangu mlangoni.

Kuna siri ya pili, nayo ni ya maana. Kwa dhahiri utungo unaeleza kuanguka kwa mji. Kwa ndani, nyumba inayozungumzwa ni moyo. Moyo nao una kumbi, taa na madaka. Ukikaliwa na dhikri unawaka mwanga, na mwenyewe akighafilika, popo wanaingia. Gofu la Pate ni kioo ambacho mshairi anaushikia moyo wake ili ujione. Huhitaji miraba ya namba kuifikia maana hii. Unahitaji kuwa tayari kuuliza swali lile alilouliza yeye, na kulijibu ukiwa peke yako.

UTUNGO ULIVYOTUFIKIA

Utungo huu ulinakiliwa kwa mkono katika Lamu na visiwa vyake, ukasomwa na kuhifadhiwa. Mmishionari wa Kiingereza W. E. Taylor aliufasiri, na tafsiri yake ikatoka mwaka 1915 katika kitabu cha C. H. Stigand kuhusu lahaja za Kiswahili. Huko Lamu, mwandishi hodari wa hati, Muhammad Kijuma, alikuwa akiwanakilia wataalamu wa Ulaya tungo za kale kwa mwandiko wake mzuri. Mwaka 1939 Hichens akauchapisha Al-Inkishafi London. Na mwaka 1999 Profesa M. M. Mulokozi akautoa Dar es Salaam katika kitabu cha Tenzi Tatu za Kale, pamoja na Utenzi wa Mwana Kupona na ule wa Fumo Liyongo, ukiwa na maelezo ya maneno magumu. Kwa njia hiyo hata sisi tulio mbali na Lamu tunaweza kuusoma.

Lipo jambo la kuzingatia katika safari hiyo. Majumba ya mawe ya Pate, yaliyojengwa ili yadumu, yameanguka. Karatasi, ambayo mchwa anaweza kuila kwa usiku mmoja, imebaki. Mali za mabwana wale hazikutufikia. Kilichotufikia ni nasaha ya mtu mmoja kwa moyo wake.

SISI WA BUJUMBURA

Pengine msomaji atauliza Pate inatuhusu nini sisi tulio kando ya Ziwa Tanganyika. Inatuhusu kwa njia mbili.

Kwanza, Uislamu na Kiswahili vilifika kwetu pamoja, kwa njia ya misafara ya kutoka pwani na Ujiji. Anayesema Kiswahili nyumbani kwao Buyenzi au Rumonge ni mrithi wa lugha hii aliyoiandikia Sayyid Abdallah. Wapo wanaotuambia chuoni kwamba Kiswahili ni lugha ya sokoni, na kwamba elimu iko katika Kifaransa. Mbele yetu upo utungo wa Kiswahili wenye umri wa miaka 200 hivi, uliojaa tauhidi, tasawwuf na falsafa. Tukiuacha, hasara ni yetu.

Pili, magofu tumeyaona kwa macho yetu. Katika miaka ya karibuni maji ya ziwa yalipopanda na mto Rusizi ukafurika, tuliona Gatumba nyumba zikisimama ndani ya maji, milango wazi, vyura wakilia mahali palipokuwa na sebule. Wengine wetu tulikwenda kuwasaidia watu kubeba magodoro. Wapo waliosema maneno mabaya siku zile, kwamba waliofikwa walikuwa na dhambi zao. Tujifunze adabu kwa Sayyid Abdallah. Alipoliona gofu hakuuliza dhambi ya mwenye nyumba. Aliuuliza moyo wake umejiandaa vipi.

Wala hakutufundisha kuacha masomo na kazi. Yeye mwenyewe aliishika kalamu kwa ustadi, akapima mizani na vina kwa subira ya fundi. Tusome, tufaulu, tutafute riziki ya halali, tujenge tukijaaliwa. Lakini tujue tangu sasa, tukiwa bado na miaka 20 na kitu, kwamba hata yale majumba ya Kiriri tunayoyatazama jioni taa zikiwaka yana siku yao. Mtu aliyekwisha kulijua hilo hatoi rushwa ili apate cheti, hamdhulumu mwenzake kwa ajili ya kazi, wala hanunui siri za mganga.

Yule mwenzetu aliyeniuliza juu ya Shamsul Maarif nilimwazima nakala yangu ya utungo huu. Aliirudisha baada ya wiki mbili. Hakusema mengi. Aliniomba tuusome pamoja tena, yeye asome na mimi nimweleze maneno magumu, na tangu wakati huo tunausoma baada ya Isha, beti tano tano.

Mwenyezi Mungu amrehemu Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir, ainawirishe kaburi lake, na aufanye utungo wake kuwa sadaka yenye kuendelea. Atuondolee sisi giza la ghafla, na azifanye nyoyo zetu nyumba zenye taa. Amin.

Wabillahi tawfiq. Wassalamu alaykum wa rahmatullahi wa barakatuh.